Maswali Yenu: Meli ilikuwa na boti za kutosha, watu elfu moja walikufaje?

*Shikamoo Mwalimu. Mimi ni dereva wa watalii, nakaa Sakina. Juzi nilikuwa na wageni wa Canada, mzee na mkewe, tumetoka Karatu alfajiri tunapanda kingo za Ngorongoro, ukungu umeshuka mpaka boneti ya gari yangu mwenyewe siioni, nikawasha hazadi nikawa natambaa tu. Yule mzee akaanza kunisimulia kwamba kwao, sehemu inaitwa Rimouski, kuna meli ya abiria iligongwa kwenye ukungu mwaka 1914, Empress of Ireland, wakafa zaidi ya watu elfu, na boti za kuokolea zilikuwepo za kumtosha kila mtu. Nimerudi kijiweni Kilombero nikaisimulia, kuna Mangi mmoja wa spea kanikatalia katakata, anasema meli iliyozama enzi hizo ni Titanic, hiyo nyingine mzungu kakutania. Tumewekeana kreti moja ya soda. Nisaidie, ni kweli? Na kama boti zilikuwepo, walikufaje?*
Dereva, Sakina, Arusha

Marahaba kijana wangu. Mwambie Mangi aanze kutafuta kreti, maana mgeni wako hakukutania hata kidogo. Empress of Ireland ilizama usiku wa kuamkia tarehe 29 Mei 1914, ilikuwa na watu 1,477 na waliokufa ni 1,012. Ilizama kwenye mto St. Lawrence, huku chini unakokaribia kuingia baharini, na hapo najua Mangi atarukia neno "mto" aanze kucheka, sasa mwambie huo mto eneo lile una upana wa zaidi ya kilomita 40, yaani wewe usimame Arusha mjini na ng'ambo yake iwe huko karibu na njia panda ya KIA. Na maji ya mwezi wa tano kule ni ya barafu, ukidumbukia muda mfupi tu vidole vinakataa kushika kitu.

Akiendelea kubisha mpe hesabu hii. Titanic, Aprili 1912, iliua watu kama 1,500, lakini humo kuna mabaharia na wahudumu wengi sana, abiria wenyewe waliokufa ni 832. Empress iliua abiria 840. Kwa abiria peke yao, hii ambayo Mangi haijui ndiyo iliyozidi.

Sasa ilikuwa meli ya nini. Ilijengwa Glasgow ikaanza kazi 1906, mali ya Canadian Pacific, kampuni ile ile yenye reli ya kukatiza Canada nzima, na hapo ndo palikuwa na akili ya biashara, maana mtu masikini wa Ulaya anakata tiketi ya meli, anashuka Quebec, anapanda treni ya kampuni hiyo hiyo mpaka huko mbugani anakokwenda kulima ngano. Fikiria mtu akate tiketi moja Unguja, boti na basi humo humo, mpaka Moshi. Kwa miaka 8 ile Empress iliwashusha Canada wahamiaji zaidi ya laki moja. Ila safari iliyoiua ilikuwa ya kurudi, Quebec kwenda Liverpool, kwa hiyo kule daraja la tatu, ambako walikuwa 717, wengi walikuwa ni wale wale wahamiaji wa zamani, wameshapata pata kidogo, wanarudi kusalimia wazee. Mangi ataelewa vizuri hapa, ndo kama wao Desemba wanavyokwenda kuhesabiwa.

Meli iling'oa nanga tarehe 28 saa kumi na nusu jioni. Saa saba na nusu usiku ikamshusha rubani wake, yule anayeielekeza meli mtoni, kwenye kituo cha Pointe-au-Père, karibu na kwa huyo mgeni wako (rubani ni neno la baharini hilo, ndege zimekuja kuliazima tu), nahodha Henry Kendall akabaki mwenyewe. Mara wanaona taa za meli nyingine inakuja mbele yao, bado iko mbali. Ni Storstad, ya Norway, imebeba makaa ya mawe zaidi ya tani 10,000, inapandisha kwenda Montreal. Usiku haukuwa mbaya, kila mmoja anamwona mwenzake. Halafu ukungu ukashuka katikati yao.

Hapa wewe dereva sogea karibu, maana ni mambo yako haya. Meli usiku ina taa nyekundu ubavu wa kushoto na ya kijani ubavu wa kulia, kwa hiyo ukiona rangi ya taa ya mwenzako unajua amekugeuzia ubavu gani. Kendall alisema kabla ukungu haujafunga tulikuwa tunaonana kijani kwa kijani, yaani tupishane kulia kwa kulia, kila mtu na njia yake. Afisa wa zamu wa Storstad, Alfred Toftenes, akasema hapana, mimi niliona nyekundu, tulikuwa tunapishana kushoto kwa kushoto. Si unaona? Kila mmoja ndani ya ukungu ana picha yake kichwani ya mwenzake alipo, na zile picha hazifanani. Kendall akarudisha injini nyuma kuisimamisha meli, akapiga honi tatu za kuonyesha narudi nyuma. Toftenes yeye akageuza kwenda kulia, anadhani anamkwepa, kumbe ndo anamwingilia ubavuni, na nahodha wake alikuwa amelala, kamwamsha kwa kuchelewa. Wewe mwenyewe pale kwenye kingo za kreta ungekutana na gari usiloliona ungefanyaje, ungesimama na hazadi zako ukae njia yako au ungekata kona? Tume ya uchunguzi iliyokaa Quebec ilisema kosa ni la Storstad, kugeuza meli ndani ya ukungu na kutomwita nahodha mapema. Wanorway nao walikaa uchunguzi wao kwao, wakaiona Empress ndiyo yenye makosa. Mpaka leo wenye kupenda meli wanabishana, kijiwe chenu cha Kilombero kingewafaa sana.

Karibu saa nane usiku Storstad ikachoma ubavu wa kulia wa Empress, katikati kwenye vyumba vya boila. Omo yake, yaani pua ya meli, ilikuwa imetiwa nguvu kwa ajili ya kupasua barafu, kwa hiyo iliingia kama kisu kwenye parachichi. Kendall alichukua kipaza sauti akapiga kelele kwa wale jamaa waendelee kusukuma mbele wasichomoke, yaani omo ya Storstad ikae pale pale iwe kizibo. Haikuwezekana, meli zikaachana, na maji yakaingia.

Sasa ndo tunafika kwenye swali lako la boti. Kuna dada anatuletea chai hapa ofisini, anapandisha ngazi na sinia, na juzi chai ya vikombe ilikuwa imemwagikia kwenye sinia, sinia lina chai kama nusu kidole. Alipofika kwenye kona ya ngazi mkono ukashuka kidogo upande mmoja, ile chai yote ikakimbilia huko, upande ukazidi kuwa mzito, ukashuka tena, vikombe vikaanza kuteleza, tukaishia kupangusa ngazi. Meli iliyoingiwa na maji ubavuni inafanya hivyo hivyo. Titanic ilichanika kwa mbele, maji yakaenda yanajaza chumba baada ya chumba kutoka omo, ikainamisha pua lakini mbavu zake zikabaki karibu sawa, ndo maana iliwachukua saa 2 na dakika 40 na boti zikashushwa. Empress ililala ubavu. Ile milango ya kuzuia maji yasivuke kutoka chumba kwenda chumba ilikuwa inafungwa kwa kuzungushwa kwa mkono, sasa wewe zungusha mkono usiku wa manane na sakafu imekuwa ukuta.

Na madirisha! Hili ndo linaniuma kuliko yote. Yale madirisha ya duara ya vyumba vya chini yalikuwa mita moja na kitu tu juu ya maji, na abiria wengi walikuwa wameyafungua wapate hewa maana humo ndani kunabana na watu wamelala, meli ilipoinama kidogo tu madirisha ya upande wa kulia yakaingia majini, na kila dirisha likawa bomba. Watu wa vyumba vya upande ule, wengi hawakufika hata kwenye korido.

Boti zilikuwepo, tena baada ya Titanic kampuni iliziongeza zikawatosha watu wote na kubaki. Ila boti ya meli inashushwa kwa kamba kutoka pembeni. Meli ikilala kulia, boti za kushoto zinalalia kwenye meli yenyewe, hazishuki, na nyingine zilikatika zikaporomoka kukatiza sitaha zikiponda watu, na boti za kulia zinaning'inia mbali na sitaha, mtu hawezi kuingia. Zilizofika majini zikiwa na maana ni chache mno. Dakika chache tangu kugongwa umeme ukazima. Mtambo wa marconi, ile simu ya upepo, uliwahi kupeleka ujumbe nchi kavu kabla ya hapo, na meli ndogo mbili, Eureka na Lady Evelyn, zikaja mbio, ila zilikuta meli haipo.

Kuna watu mamia walitokea kwenye madirisha ya upande wa kushoto, ule uliokuwa juu, wakawa wamekaa kwenye ubavu wa meli kama watu wamekaa ufukweni wanapunga upepo. Ukubwa wa meli unakudanganya, chuma kile kimetulia chini yako, unadhani kitabaki. Kilibaki dakika chache. Kuanzia kugongwa mpaka kupotea ni dakika 14. Wewe chai yako ya asubuhi unaimaliza kwa dakika ngapi?

Storstad yenyewe haikuzama, ilishusha boti zake ikaokota watu wengi sana, tuseme haki. Kendall naye aliokotwa akapelekwa huko huko, na inasimuliwa kitu cha kwanza alichomwambia nahodha wa Storstad ni kwamba umeizamisha meli yangu. Huyu Kendall ana kisa kingine, mwaka 1910 akiwa nahodha wa meli nyingine ndiye aliyemtambua daktari Crippen, aliyekuwa anatafutwa London kwa kumuua mkewe, akapeleka habari kwa marconi, na Crippen akakamatwa kwenye maji ya pale pale Pointe-au-Père. Miaka minne baadaye nahodha akaipoteza meli yake hapo hapo. Aliishi mpaka 1965.

Kwa nini Mangi hajawahi kuisikia? Haikuwa na mabilionea wa Marekani, hilo moja. Watu waliojulikana walikuwepo, mwigizaji Laurence Irving alikufa humo, na Jeshi la Wokovu la Canada lilipoteza watu zaidi ya mia waliokuwa wanakwenda mkutano wao London pamoja na bendi yao, ila magazeti ya New York hayakuwa na wa kwao wa kumlilia. La pili, ilipozama Mei, Agosti vita kuu ikaanza, na maiti elfu moja za mtoni zikafunikwa na maiti za kila siku. Hata huku kwetu wazee wa Moshi na Tanga walikuwa na ya kwao mwaka ule, Novemba Mwingereza na Mjerumani walikuwa wanapigana Tanga, nani angeulizia meli ya Quebec.

Kreti ni yako. Nipitishie mbili.

*Habari za kazi Mwalimu. Sisi kwenye sinema za Titanic tunaona watu wa daraja la tatu wamefungiwa mageti ili matajiri wapande boti kwanza. Ni kweli au wamekoleza? Na kwenye hiyo meli nyingine uliyoitaja kwenye toleo lililopita, ile ya Canada uliyosema utaieleza, masikini nao walifungiwa?*
Mama wa duka, Majengo, Moshi

Nzuri mama. Mageti yalikuwepo kweli, sio ya kukoleza, ila sababu yake sio ile wanayoionyesha. Sheria za uhamiaji za Marekani zilitaka abiria wa daraja la tatu wasichanganyike na wengine mpaka wakaguliwe magonjwa bandarini, kwa hiyo meli ilitengenezwa hivyo tangu mwanzo. Sasa usiku wa shida geti la siku zote linabaki geti. Kijana mmoja wa Ireland aliwaambia maseneta wa Marekani kwamba geti lilikuwa limefungwa na abiria mwenzake akalivunja. Tume ya Uingereza chini ya Lord Mersey ikasema hakuna aliyebaguliwa, lakini nikwambie kitu, tume hiyo haikumwita hata abiria mmoja wa daraja la tatu atoe ushahidi. Sasa hapo mama umeuliza baba mwenye nyumba kama watoto wameshiba, watoto wenyewe hujawauliza. Hesabu za tume ile ile zinasema wanawake wa daraja la kwanza walikuwa 144 wakapona 140, wa daraja la tatu 165 wakapona 76. Watoto wa daraja la tatu 79, wakapona 27.

Kwenye Empress hakukuwa na muda wa kumfungia mtu. Ndo maana mimi naona yenyewe inafundisha zaidi, angalia. Daraja la kwanza walikuwa 87 wakapona 36. La pili 253, wakapona 48. La tatu 717, wakapona 133. Ukipiga mahesabu, la pili na la tatu wako sawa sawa, kwenye kila watu 5 kapona kama mmoja, pamoja na kwamba wa daraja la pili alilipa hela nyingi zaidi na kulalia godoro zuri zaidi. Wa kwanza wao vyumba vyao viko juu, karibu na sitaha. Lakini waliopona kuwazidi hata hao ni wafanyakazi wa meli: 420, wakapona 248, zaidi ya nusu! Watu wakasema mabaharia walijiokoa wakaacha abiria, na mimi hilo silimezi kirahisi, maana wengi wao walikuwa macho, kazini, na mtu aliyepanda ngazi ile mara mia anaipata hata gizani. Abiria ulikuwa ndo usiku wao wa kwanza melini. Wamepanda jioni, wamekula, wamelala, choo chenyewe wameulizia. Taa zikazima, sakafu ikainuka, toka sasa.

Watoto walikuwa 138. Wakapona wanne. Wanawake walikuwa 310, wakapona 41.

Niliwahi kupanda boti kwenda Unguja, siitaji, nikamuuliza kijana wa boti makoti ya kuokolea yako wapi, akanionyesha kabati, nikaona lina kufuli. Nikauliza ufunguo uko wapi. Akacheka, akaniambia mzee leo bahari imetulia. Nilikaa safari nzima nikihesabu hatua kutoka kiti changu mpaka mlangoni, zilikuwa 11, na mke wangu alikuwa ananicheka mpaka tunafika bandari ya Malindi, Unguja. Sisi hapa sio wageni wa mambo haya, MV Nyerere pale Ukara mwaka 2018 ilikuwa imeruhusiwa watu 101, wakafa 228, hesabu unaiona mwenyewe. Empress haikuzidisha hata mtu mmoja.

*Mwalimu, eti kuna mtu alizama na Titanic akapona, akazama na Empress akapona, akazama na Lusitania akapona? Tumebishana bwenini.*
Mwanafunzi, Kiboriloni

Nusu ni kweli. Kuna mchochea moto wa boila, William Clark, alikuwa kwenye Titanic akapona na akawa kwenye Empress akapona, na hata yeye alisema kwenye Titanic kusubiri ndo kulikuwa kubaya, hii nyingine hakukuwa na kusubiri. Huyo wa meli tatu wanamwita Frank Tower, na jina lake halipo kwenye orodha ya mabaharia wa meli hata moja kati ya hizo. Ni mtu wa mabwenini tu, kama yenu.